Agizo Mkononi, Tingatinga Langoni

Ijumaa, Juni 30, 2023, Jaji Mugure Thande wa Mahakama Kuu jijini Nairobi alisimamisha kwa muda utekelezaji wa Sheria ya Fedha ya mwaka huo, hadi kesi ya Seneta wa Busia Okiya Omtatah na wenzake irudi mbele yake Julai 5. Sheria hiyo ilikuwa ianze kutumika saa sita usiku. Kabla usiku haujaisha, EPRA, mamlaka inayodhibiti kawi na petroli, ilikuwa imetoa orodha mpya ya bei yenye VAT ya mafuta ya asilimia 16 badala ya 8, vile vile sheria iliyosimamishwa ilivyotaka. Petroli ya super jijini Nairobi ikaruka kutoka Sh182.04 hadi Sh195.53. Mwendesha bodaboda aliyetia lita tatu Jumamosi asubuhi aliacha kituoni Sh40 za ziada, ilhali agizo la jaji lingali hai.

Omtatah alirudi mahakamani kulalamikia ukaidi huo. Serikali nayo ikakimbilia Mahakama ya Rufaa, na Julai 28 agizo likaondolewa. Mwaka uliofuata Mahakama ya Juu ikaidhinisha sheria yenyewe, na wapo wanaosema kwamba kumbe Serikali ilikuwa na haki tangu mwanzo. Hoja hiyo haisimami. Kwa wiki nne agizo lilikuwa na nguvu kamili za kisheria, na katika wiki hizo nne bei hazikurudi zilipokuwa. Kushinda rufaa hakufuti ukaidi uliotangulia, kama vile kuachiliwa huru kwa mahabusu hakuhalalishi kutoroka kwake rumande.

Lakini tuseme EPRA ingepatikana na hatia ya kudharau mahakama. Mkurugenzi angetozwa faini, pengine angetishiwa jela, angeomba radhi. Yule wa bodaboda je? Sh40 zake zingebaki zilikokwenda. Hapo ndipo ninapoona udhaifu mkubwa wa namna tunavyoitumia sheria ya kudharau mahakama. Inauliza maswali mengi kumhusu afisa: alijua, alikusudia, amejuta? Kumhusu mtu aliyekingwa na agizo inauliza machache mno. Tumeipa jela nafasi kubwa kupita kiasi katika kesi hizi, na wajibu wa kurudisha hali ilivyokuwa tumeusukuma pembeni. Afisa haogopi gereza ambalo hajawahi kumwona mwenzake akiingia. Angeogopa zaidi kuambiwa ajenge upya alichobomoa, na bili iandikwe jina lake.

Agizo la kusitisha haliamui nani mwenye haki. Linagandisha mambo mpaka hilo liamuliwe, kwa hiyo thamani yake yote imo katika saa na siku. Likivunjwa siku ya kwanza, hukumu itakayosomwa miaka miwili baadaye itazungumzia kitu ambacho hakipo tena. Maji yakimwagika hayazoleki, na mawakili wa Serikali wanalijua hilo kuliko mtu yeyote, maana mahakama haiwezi kuzuia jambo lililokwisha kutendeka. Ukibomoa kabla ya agizo, huna hatia ya dharau. Ukibomoa baada ya agizo, angalau kitu chenyewe kimekwisha, na kinachobaki ni mabishano ya mawakili. Ndiyo sababu matingatinga yetu hupenda alfajiri na mwisho wa juma, wakati masjala zimefungwa.

Waulize waliokuwa wakazi wa kijiji cha Mitumba, karibu na Uwanja wa Ndege wa Wilson. Septemba 15, 2011 tangazo lilitolewa likiwapa siku saba wawe wamehama. Walifanya kile tunachowahimiza raia wafanye: hawakurusha mawe, walikwenda mahakamani, na wakapata agizo la kuzuia ubomoaji. Novemba 19, siku ya Jumamosi, nyumba zao zilibomolewa agizo likiwepo. Jaji Mumbi Ngugi aliwapa ushindi mwaka 2013, Mahakama ya Rufaa ikaupindua mwaka 2016, na Mahakama ya Juu ikaurejesha Januari 2021 katika uamuzi ambao sisi wanasheria tunautaja kila mara, wa Mitu-Bell. Ni uamuzi mzuri, unaozipa mahakama nafasi ya kusimamia utekelezaji wa maagizo yao hatua kwa hatua. Ila mwisho wake uliirudisha kesi Mahakama Kuu ili iamuliwe ni fidia gani inawafaa watu hao, miaka tisa baada ya mabati yao kukanyagwa. Mtoto aliyekuwa darasa la kwanza Jumamosi ile alikuwa kidato cha pili.

Mei 4, 2020, Jumatatu alfajiri, mambo yalijirudia Kariobangi, janga la korona likiwa limeshika kasi na watu wakiambiwa wakae majumbani. Maelfu waliondolewa. Wataalamu wa haki za binadamu wa Umoja wa Mataifa walitoa taarifa wakibainisha kwamba kulikuwa na agizo la mahakama la kuzuia uhamishaji huo.

Ukifuatilia kesi za aina hii utasikia utetezi ule ule ukizunguka kutoka wizara hadi wizara. Wa kwanza ni kwamba hatujakabidhiwa agizo. Zamani ulikuwa utetezi wa nguvu. Ilikuwa lazima afisa apewe nakala mkononi, yenye muhuri na onyo la adhabu, na mpeleka hati aape kwamba alimkuta na kumpa. Ikawa mchezo wa kujificha: katibu yuko kwenye mkutano, karani hana idhini ya kupokea, mlinzi wa lango hajui kusoma muhuri. Mwaka 2018 Serikali ilipozima vituo vya televisheni vilivyojiandaa kupeperusha kiapo cha kiongozi wa upinzani Raila Odinga Uhuru Park, Jaji Chacha Mwita aliagiza Februari 1 virejeshwe hewani. Omtatah, wakati huo bado mwanaharakati, alilipeleka agizo hilo Mamlaka ya Mawasiliano mwenyewe, akazuiwa kuingia, akalibandika ukutani nje. Nchi nzima ilikuwa imeshalisikia redioni. NTV na KTN zilirudi Februari 5, Citizen Februari 8.

Kisheria mchezo huo umekwisha. Katika kesi ya Shimmers Plaza dhidi ya National Bank, mwaka 2015, Mahakama ya Rufaa ilisema kwamba kujua kunatosha. Wakili wako akiwepo mahakamani agizo likitolewa, umejua. Walakini tusisahau kiwango cha ushahidi. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm ya mwaka 1985, anayelalamika anatakiwa kuthibitisha zaidi ya inavyotakiwa katika kesi za kawaida za madai, karibu kufikia kile cha kesi za jinai. Ni sawa kabisa pale unapotaka kumfunga mtu. Ila ukitaka tu nyumba yako ijengwe upya, kwa nini ubebe mzigo huo huo? Mahakama zetu hazijatenganisha mambo haya mawili ipasavyo, na ucheleweshaji mwingi unazaliwa hapo.

Utetezi wa pili ni kwamba tumekata rufaa. Huu sina subira nao. Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai, Agizo la 42 kanuni ya 6, zinasema wazi kwamba rufaa peke yake haisimamishi chochote; lazima uombe na upewe. Kwa Serikali, kuomba si kazi ngumu. Ina Mwanasheria Mkuu, ina mawakili wa kulipwa, na Mahakama ya Rufaa husikiliza maombi ya dharura. Sheria ya Fedha ilithibitisha hilo yenyewe: mlango ulibishwa, ukafunguliwa. Agizo lenye makosa hutiiwa hadi litenguliwe. Anayejipa ruhusa ya kuchagua agizo lipi ni sahihi amejifanya jaji wa rufaa bila kuapishwa.

Utetezi wa tatu ndio mgumu: ofisi si mtu. Nani hasa alikaidi? Waziri atasema alikuwa safarini, katibu atasema alitekeleza sera, polisi watasema walitumwa kulinda usalama tu. Uingereza ilikumbana na swali hili katika kesi ya mwalimu kutoka Zaire, iliyo Kongo ya sasa, anayejulikana katika vitabu vya sheria kwa herufi moja tu, M. Jioni ya Mei 1, 1991, Jaji Garland aliamini amehakikishiwa kwamba M hatasafirishwa hadi ombi lake la hifadhi lisikilizwe tena. Ndege ikaondoka naye kupitia Paris. Usiku huo jaji akaagiza arudishwe. Maafisa walikwisha kupanga tiketi ya kumrudisha, lakini Waziri wa Mambo ya Ndani Kenneth Baker, kwa ushauri wa wanasheria, akaifuta, akiamini kwamba mahakama haina uwezo wa kuiamuru Serikali ya Malkia. Mahakama ya Rufaa ilimtia hatiani yeye binafsi. Julai 1993 Baraza la Malodi likakubali kwamba dharau ilitendeka, ila likaihamishia hatia kwenye cheo cha Waziri, si Baker mwenyewe. Hakuna aliyelala rumande.

Wasomi huisifu kesi ya M kama ushindi mkubwa wa utawala wa sheria, na kwa Uingereza ulikuwa hivyo, kwa sababu waziri kule akitangazwa mkaidi atapata tabu bungeni na magazetini. Kwetu, hatia iliyobandikwa kwenye kiti haimuumizi anayekikalia. Hili si suala la kunakili mfano wa London neno kwa neno, ingawa, cha kushangaza, ndivyo sheria yetu bado inavyotutuma. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, sura ya 8, kinazipa Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa za Kenya mamlaka ya kuadhibu dharau sawa na yale ya Mahakama Kuu ya Uingereza. Nchi yenye Katiba ya 2010 inaazima kiboko kwa jirani wa mbali.

Bunge lilijaribu kutupatia chetu mwaka 2016. Sheria ya Kudharau Mahakama ya mwaka huo iliweka adhabu isiyozidi faini ya Sh200,000 au kifungo cha miezi sita, au vyote viwili. Kifungu cha 30 ndicho kilichofichua nia. Kabla ya kuishtaki wizara au shirika la umma kwa dharau, mahakama ilitakiwa impe afisa mhasibu wake notisi ya siku zisizopungua 30 ajieleze. Siku 30! Kwa agizo linalokufa katika saa 12. Raia wa kawaida hakupewa neema hiyo. Novemba 2018, Jaji Mwita, katika kesi ya Tume ya Haki za Binadamu ya Kenya, ile isiyo ya kiserikali, alitangaza sheria nzima kuwa kinyume cha Katiba, na ndipo tukarudi kwenye kifungu cha 5.

Mfano wa faini tunao. Machi 2018, mwanasiasa na wakili Miguna Miguna, aliyekuwa amesafirishwa kwa nguvu hadi Canada mwezi uliotangulia, alitua JKIA akiwa na maagizo ya mahakama ya kumruhusu kuingia. Alizuiliwa uwanjani, kisha akapandishwa ndege kwenda Dubai. Jaji George Odunga aliwapata Waziri Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali Joseph Boinnet na Mkurugenzi wa Uhamiaji Gordon Kihalangwa na hatia ya dharau, na Machi 29 akamtoza kila mmoja Sh200,000 zikatwe kwenye mshahara. Kukata mshahara lilikuwa wazo zuri, kwa maana linamgusa mtu wala si hazina ya umma. Lakini pima matokeo kwa kile agizo lilichotaka: Miguna aliingia Kenya Oktoba 2022, Serikali ilipobadilika. Na jela je? Novemba 2021 Jaji Anthony Mrima alimhukumu Mkurugenzi wa Upelelezi George Kinoti miezi minne katika gereza la Kamiti kwa kutorudisha bunduki za mfanyabiashara Jimi Wanjigi. Kinoti aliendelea na kazi hadi alipojiuzulu Septemba 2022.

Sasa linganisha na kesi ya Gilbert Masengeli, ambayo naiona kuwa tofauti na nyingine zote. Agosti 2024 watu watatu walitekwa Kitengela. Jaji Lawrence Mugambi alimwita kaimu Inspekta Jenerali afike mwenyewe aeleze waliko. Hakufika. Akaitwa tena na tena, akawatuma wasaidizi. Septemba 13 jaji akamhukumu miezi sita jela, ila akaisimamisha adhabu kwa siku saba ili apate nafasi ya kufika. Siku chache baadaye walinzi wa jaji huyo wakaondolewa, na Jaji Mkuu Martha Koome akalaani hadharani. Polisi wakasema walinzi wameitwa mafunzoni. Septemba 20 watatu hao wakapatikana wakiwa hai. Siku hiyo hiyo Masengeli akafika mahakamani, akaomba radhi, na adhabu ikafutwa. Douglas Kanja alikuwa ameapishwa kuwa Inspekta Jenerali siku moja kabla. Cheo kilikuwa kimeshapita kwa mwingine, lakini hukumu ilikuwa na jina lake Masengeli, na ndiyo maana ilibidi aje.

Wapo waliomkosoa Mugambi kwa kumwachilia mapema. Mimi siungani nao. Jela ilitumika kama kufuli, ikafunguliwa agizo lilipotimia. Jaji alijua anataka nini, akaweka muda mfupi, akamtaja mtu, na akaiacha adhabu ining'inie hadi hali irudi. Lau angempeleka Kamiti siku ya kwanza, tungekuwa na kesi ya rufaa juu ya kifungo cha Masengeli, na familia za waliotekwa zingebaki zikingoja.

Mahakama nazo zina lawama yake, tusijifanye hatuioni. Yapo maagizo ya muda yanayotolewa upande mmoja bila mwingine kusikilizwa, kisha yakaongezwa mwezi baada ya mwezi hadi muda ukapoteza maana. Yapo yaliyoandikwa kwa lugha ya jumla mno: "hali ibaki ilivyo", bila kusema hali ipi na ya saa ngapi. Upande mmoja unasoma kwamba ujenzi uendelee, mwingine unasoma kwamba usimame. Agizo la namna hiyo humpa afisa mjanja utetezi wa bure, kwa sababu sharti la kwanza la dharau ni kwamba masharti ya agizo yawe wazi. Jaji anayetaka kutiiwa aandike kama mtu anayemwelekeza dereva.

Wala si kweli kwamba Serikali haiheshimu maagizo ya kusitisha. Inayaheshimu sana yanapokuwa yake. Mahakama Kuu ilipotangaza Novemba 2023 kwamba ada ya nyumba ilikuwa kinyume cha Katiba, Serikali iliomba uamuzi huo usimamishwe, ikapewa hadi Januari 10, na makato yakaendelea kutolewa kwenye mishahara kwa nguvu ya agizo hilo hilo la muda. Mkuki kwa nguruwe. Januari 2, 2024 Rais William Ruto alikuwa akiwashutumu majaji hadharani kwamba wanatumiwa kukwamisha miradi. Siku 24 baadaye Mahakama ya Rufaa ikakataa kurefusha usitishaji, na safari hii Serikali ikafuata njia iliyo halali: ikaenda bungeni, na Machi ikapata sheria mpya ya nyumba nafuu. Unaweza kuichukia ada hiyo, lakini njia ilikuwa sahihi.

Kinachohitajika hakingoji sheria mpya. Jaji anayetoa agizo dhidi ya idara ya Serikali anaweza leo kulitaja jina la afisa atakayewajibika, na kumwagiza alete hati ya kiapo ndani ya saa 48 akieleza amefanya nini kulitekeleza. Agizo likivunjwa, ombi la kurudisha hali lisikilizwe kwanza, kwa kiwango cha kawaida cha ushahidi, na suala la kumwadhibu mtu lifuate baadaye kwa kiwango chake cha juu. India imepiga hatua nyingine. Mei 2025 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilishughulikia afisa wa jimbo la Andhra Pradesh aliyebomoa vibanda Guntur huku akijua kuna agizo la Mahakama Kuu. Badala ya kumfunga, ilimshusha cheo na kumtoza faini ya rupia 100,000. Kushushwa cheo kunadumu hadi kwenye pensheni.

Pingamizi ninalosikia mara kwa mara ni kwamba gharama ya kujenga upya italipwa na mlipa kodi, kwa hiyo raia ataadhibiwa kwa kosa la katibu. Jibu limo katika Katiba yenyewe, ibara ya 226(5). Mwenye ofisi ya umma akielekeza au kuidhinisha fedha za umma zitumike kinyume cha sheria, hasara ni yake, na ataifidia awe bado ofisini au ametoka. Dizeli ya tingatinga lililobomoa agizo likiwepo ni fedha ya umma. Posho ya polisi waliolisindikiza ni fedha ya umma. Anayewakilisha waliobomolewa anaweza kuomba ripoti ya matumizi hayo, saini ya aliyeidhinisha, na amri kwamba alipe yeye. Ombi la aina hiyo lingekuwa na kurasa chache kuliko ombi la kumfunga waziri, na wakili wa Serikali angepata shida kubwa zaidi kulijibu.